Don Drysdale: Mrushaji Mpira Mbele ya Kamera

Mabibi na mabwana, tumezoea kumwona mwanamichezo kwenye filamu tukasema kaletwa kuwavuta watazamaji, basi. Leo nataka nimtetee mmoja wao.

Don Drysdale alizaliwa Van Nuys, California, mwaka 1936, akaanza kuirushia mpira timu ya besiboli ya Dodgers ilipokuwa bado Brooklyn. Mwaka 1958 timu ikahamia Los Angeles, naye akajikuta amerudi kwao, jirani na Hollywood. Alikuwa na kimo cha karibu mita 2, na wapigaji walimwogopa: mara 154 alimgonga mpigaji kwa mpira. Watengenezaji wa tamthilia za kikauboi walimpenda mtu wa namna hiyo. Mwaka 1962, mwaka aliopata tuzo ya Cy Young ya mrushaji bora, aliigiza kwenye The Rifleman pamoja na Chuck Connors, ambaye naye aliwahi kuchezea Dodgers. Lishikeni jina la Connors.

Sasa twende 1966. Mikataba ya siku zile ilimfunga mchezaji kwa klabu moja. Hata muda ukiisha, hakuwa na ruhusa ya kwenda kwingine. Drysdale akidai nyongeza, uongozi humwambia mrushaji mwenzake Sandy Koufax kaomba kidogo tu. Koufax naye huambiwa vivyo hivyo! Walipogundua, wakaungana. Wakadai dola milioni 1 kwa miaka 3, wagawane nusu kwa nusu. Klabu ikakataa, nao hawakwenda kwenye kambi ya mazoezi Florida.

Hapo ndipo filamu ilipowafaa. Walisaini na studio ya Paramount kuigiza katika filamu ya Warning Shot. Wachezaji wengine wangegoma wangekula nini? Hawa walikuwa na kazi nyingine mkononi, na klabu ililijua hilo.

Kuna jambo linalonigusa zaidi. Wakili wao, J. William Hayes, alikuwa akijiandaa kwenda mahakamani, akiegemea ushindi wa Olivia de Havilland dhidi ya studio ya Warner Bros., hukumu ya California ya 1944 kwamba mfanyakazi hafungwi na mkataba zaidi ya miaka 7. Haki aliyoipigania mwigizaji wa kike sasa ilikuwa ngao ya wanabesiboli. Sijui ushahidi mkubwa kuliko huo kwamba studio na uwanja vilikuwa na shida moja.

Connors ndiye aliyewakutanisha tena na klabu. Mwishoni mwa Machi wakasaini: Koufax dola 125,000, Drysdale 110,000. Milioni hawakuipata, na filamu ikaendelea bila wao. Lakini kwa mara ya kwanza mastaa wawili walikuwa wamedai kwa sauti moja, na mwajiri akalazimika kuongeza.

Kifungu chenyewe cha mkataba, kile kilichomfunga mchezaji kwa klabu moja, kilivunjwa Desemba 1975, kwa uamuzi wa msuluhishi Peter Seitz. Waliokipinga mbele yake walikuwa warushaji wawili tena: Dave McNally, na Andy Messersmith wa Dodgers.