Mpiga Chapa Aliyesoma Mikataba: Mhadhara kuhusu Beryl Vertue

Shikamooni wazee wangu. Vijana, hamjambo. Nimeombwa nizungumzie kazi ya utayarishaji wa vipindi vya televisheni, nami nimekuja na mtu mmoja tu: Beryl Vertue, mama wa Kiingereza aliyezaliwa mwaka 1931 na kufariki Februari 2022. Alianza kama mpiga chapa, akawa wakala wa waandishi, akaishia kuwa mtayarishaji. Nataka muone jinsi hatua moja ilivyozaa nyingine.

Katikati ya miaka ya 1950, waandishi kadhaa wa vichekesho, wakiwamo Spike Milligan, Eric Sykes, Ray Galton na Alan Simpson, walikuwa wameungana na kuunda kampuni yao, Associated London Scripts. Ofisi ilikuwa juu ya duka la mboga, Shepherd's Bush, magharibi mwa London. Simpson alimfahamu Beryl tangu ujanani, akamwita aje awapigie chapa. Beryl hakuitaka sana kazi ile. Ilikuwa mbali na kwao. Akataja mshahara mkubwa ili wamkatae. Wakakubali.

Mnaopiga chapa mnajua: anayechapa mswada huusoma neno kwa neno kuliko hata mwenye kuuandika. Anaona kilichofutwa, anaona kilichorudishwa. Ikafika siku lazima mtu apige simu BBC kuulizia malipo ya mwandishi, na mtu huyo akawa yeye. Akaendelea kupiga simu. Uwakala ulimjia hivyo, kwa kazi iliyokosa mwenyewe.

Hapa naomba tukae kidogo. Mwaka 1963 mmoja wa waandishi aliowawakilisha, Terry Nation, aliiandikia BBC visa vya Doctor Who, tamthilia ya kubuni ya kisayansi, akaleta ndani yake viumbe waitwao Daleks: ganda la chuma lisilo na miguu, linateleza sakafuni, sauti inakwaruza. Walionekana mara ya kwanza Desemba mwaka huohuo, na muda si mrefu maduka ya Uingereza yakajaa Daleks wa kuchezea. Mkataba aliousimamia Vertue ulikuwa umemwachia Nation sehemu ya haki za viumbe wale. Vitu vya watoto vilipouzwa, fedha zilimfikia.

Sasa mtazameni Raymond Cusick. Yeye ndiye aliyebuni umbo la Dalek, lile ambalo watoto walililia madukani. Alikuwa mwajiriwa wa BBC, kazi yake ikahesabiwa kuwa ndani ya mshahara. Alipewa bahashishi, basi. Kiumbe ni kilekile, na mikono miwili imekifinyanga, lakini mkono mmoja tu ndio uliokuwa na karatasi. Kila nikifika hapa namwonea Cusick uchungu, na sioni haya kusema hivyo mbele yenu.

Uchungu wenyewe naujua. Nikiwa na miaka ishirini na sita niliuza mchezo wa redio kwa kituo kimoja. Kifungu cha nne kilisema kituo kinachukua haki zote, kwa njia zote, zilizopo na zitakazokuja. Nilisaini juu ya boneti ya gari, kwa kalamu yao, nikiwahi benki isifungwe. Mchezo ulirudiwa miaka sita. Hundi ilikuwa ileile moja.

Turudi kwa Vertue. Galton na Simpson walikuwa na Steptoe and Son, kisa cha baba na mwana wanaookota vyuma chakavu London, wanagombana asubuhi hadi usiku. Zamani ukitaka kuuza kipindi nje ya nchi, uliuza kanda. Lakini Mholanzi au Mswidi atacheka vipi kwa lafudhi ya mtaani London? Vertue akauza wazo lenyewe: wahusika, ugomvi wao, umbo la kisa. Mnunuzi akaigize kwake, kwa watu wake na lugha yake. Leo biashara hii imeenea duniani kote. Wakati ule waliokuwa wakiifanya walihesabika. Steptoe ikapata toleo la Uholanzi, ikapata la Uswidi, na Januari 1972 ikatokea Marekani kwa jina la Sanford and Son. Wazee wa London wakageuka baba na mwana Weusi wa Watts, Los Angeles. Mwaka mmoja kabla, kipindi kingine cha mteja wake, Johnny Speight, kilikuwa kimeshakuwa All in the Family, kilichoongoza kwa watazamaji Marekani misimu mitano mfululizo.

Sitaki mdhani kila alichogusa kiling'aa. Mwaka 1975 alishiriki kukiletea CBS, kituo cha televisheni cha Marekani, tamthilia ya Beacon Hill, iliyokopa umbo la Upstairs, Downstairs, tamthilia ya Kiingereza ya mabwana na watumishi wao, na kulihamishia Boston. Ilizimwa baada ya muda mfupi. Akaendelea.

Kisha akaanzisha kampuni yake, Hartswood Films, na hapo ndipo wakala alipojifanyia mwenyewe alichokuwa akiwafanyia wengine. Alimshawishi Simon Nye ageuze riwaya yake kuwa kipindi cha vichekesho, Men Behaving Badly. Kilianza ITV, kituo kinachoshindana na BBC, mwaka 1992, yeye akiwa na miaka 60. Baada ya misimu miwili ITV ikakitema. Kwa watayarishaji wengi hapo ndipo mazishi. Lakini kipindi kilikuwa cha Hartswood; Vertue akakibeba hadi BBC, kikaanza tena mwaka 1994, na huko ndiko kilikopendwa hasa.

Alipofika miaka 79, kampuni hiyohiyo ikatoa Sherlock, tamthilia ya mpelelezi Sherlock Holmes, mtayarishaji akiwa binti yake Sue, na mkwewe Steven Moffat akiwa mmoja wa wabunifu wawili. Walikuwa wamesharekodi kipindi cha majaribio cha dakika 60. BBC ikataka vitatu vya dakika 90, wakaanza upya, na kile cha kwanza hakikurushwa.

Nimetoa nakala za ule mkataba wangu, jina la kituo nimelifunika kwa wino. Naomba mzigawe mpaka nyuma, kisha kijana mmoja atusomee kifungu cha nne kwa sauti. Tutakiandika upya pamoja, mstari kwa mstari, na tuna saa nzima.