Bingwa wa Mita 50: Mhadhara kuhusu Siman Sudartawa wa Indonesia

Makocha, wazazi wenzangu, na nyinyi vijana mliojibanza kule nyuma, asanteni kwa kuitikia mwito. Najua wengi mlikuja mkitarajia kusikia habari za Michael Phelps, yule mwogeleaji wa Marekani. Leo Phelps apumzike. Nimemleta mwogeleaji I Gede Siman Sudartawa, mzaliwa wa Klungkung katika kisiwa cha Bali, na sitashangaa kama jina hili mnalisikia kwa mara ya kwanza. Nimemchagua kwa sababu alikuwa bingwa hasa, lakini wa masafa ambayo Olimpiki haikuyataka.

Tuanzie Palembang, kusini mwa Sumatra, Novemba 2011. Indonesia ilikuwa mwenyeji wa SEA Games, michezo ya nchi za kusini mashariki mwa Asia ambayo huchezwa kila baada ya miaka miwili. Siman alikuwa na miaka 17. Katika bwawa la Jakabaring alishinda mita 50 kwa mtindo wa mgongo, akashinda 100, akashinda na 200, kisha akachukua dhahabu ya nne pamoja na wenzake watatu katika mbio za kupokezana za mitindo minne. Makocha mliopo hapa mnaelewa hilo lina uzito gani. Mita 50 zinataka nguvu na mlipuko, mita 200 zinataka mapafu na subira. Kwa kawaida mwili wa mtu hukua ukaegemea upande mmoja, na wake baadaye uliegemea 50.

Hapa naomba nikae kidogo, maana watu wengi huziona mita 50 kama mbio za kitoto. Mwogeleaji wa mgongo haruki kutoka juu kama wenzake. Anaanzia majini, ameshika vyuma, nyayo zimekandamiza ukuta, magoti yako karibu na kifua. Mlio ukisikika anajirusha kinyumenyume, anaingia chini ya maji na kupiga mateke ya pomboo, miguu yote miwili kwa pamoja, huku akitazama juu. Sheria inamruhusu kukaa chini hadi mita 15. Kichwa kikichelewa kutokeza, amefutwa. Pigeni hesabu wenyewe: karibu theluthi moja ya mbio yake yaweza kuishia chini ya maji, kabla mkono wa kwanza haujazunguka. Akishatokeza, ukuta anaouendea hauoni. Anachokiona ni zile bendera ndogo zilizotundikwa juu ya bwawa, mita tano kutoka ukutani. Akizipita anahesabu mizunguko ya mikono aliyoizoea, kisha ananyoosha mkono na kugusa. Akikosea hesabu kwa mzunguko mmoja, ama anaubamiza ukuta ama anaufikia akiwa amekwisha kupunguza kasi. Na hakuna kona ya kurekebishia kosa, kwa sababu bwawa ni moja, kwenda tu.

Sasa twende London, Julai 2012. Siku ya ufunguzi wa Olimpiki, aliyebeba bendera ya Indonesia mbele ya dunia nzima alikuwa kijana huyu, bado hajatimiza miaka 18. Alikuwa mwogeleaji pekee wa nchi yake. Akaingia kwenye mita 100 za mgongo na kutolewa katika mchujo. Dhahabu ya mbio hizo ilikwenda kwa Mmarekani Matt Grevers, kwa sekunde 52.16. Nyumbani kwao, macho hayakuwa bwawani. Indonesia ni nchi ya mpira wa vinyoya, yaani badminton. Tangu mchezo huo uingie Olimpiki mwaka 1992, Susi Susanti na Alan Budikusuma waliporudi na dhahabu mbili, hadi wakati huo haikuwa imepita michezo hata mmoja bila wao kupata dhahabu humo. London ikapita bila dhahabu hiyo. Mwogeleaji aliyeishia mchujo ni nani hata aombolezewe?

Na hiyo ndiyo ikawa Olimpiki yake ya kwanza na ya mwisho. Mtauliza kwa nini, na jibu linatuhusu sisi hapa moja kwa moja. Nchi ambayo waogeleaji wake hawajafikia viwango vya muda vinavyotakiwa hupewa nafasi za mwaliko: mwanamume mmoja, mwanamke mmoja. Sisi Tanzania tunazifahamu nafasi hizo vizuri, ndizo zinazotupeleka. Kwa Rio 2016 nafasi hizo za Indonesia zilikwenda kwa Glenn Victor Sutanto, aliyeogelea mtindo wa kipepeo, na Yessy Yosaputra. Nchi yenye watu zaidi ya milioni 250, mlango wa wanaume ukapita mtu mmoja! Kwa hiyo mshindani mkubwa wa Siman hakuwa Mmarekani wala Mchina. Alikuwa mwenzake wa timu ya taifa, tena aliyekwenda Rio kwa mtindo mwingine.

Kuna na jambo la pili, ambalo mimi binafsi naliona ni zito zaidi. Mita 50 za mgongo hazikuwamo katika ratiba ya Olimpiki. Mashindano ya dunia yalikuwa nazo, SEA Games ilikuwa nazo, Olimpiki haikuwa nazo. Siman aliendelea kuziogelea vilevile. Kuala Lumpur 2017 alishinda kwa sekunde 25.20, ikawa rekodi ya michezo hiyo. Ufilipino 2019 akashinda tena. Katikati, 2018, Michezo ya Asia ilifanyika Jakarta, katika eneo lilelile lililojengwa kwa ajili ya michezo ya 1962. Aliingia fainali ya mita 50 mbele ya watu wake. Xu Jiayu wa China akashinda, Siman akakosa medali, na waogeleaji wote wa Indonesia wakamaliza michezo ile mikono mitupu.

Wapo watakaosema basi huyu alikuwa simba wa uani. Mimi sikubaliani nao. Kutoka 2011 hadi 2019 ni miaka minane, na mtu anayeanza na dhahabu akiwa mwanafunzi na bado akaitwaa akiwa na miaka 25, katika mbio ambazo ncha ya kidole ndiyo huamua, hakubahatisha. Tatizo ni mizani tunayompimia. Wazazi wangapi humu mnamuuliza kocha swali la Olimpiki mtoto akiwa na miaka tisa, wakati hata mashindano ya Kanda hajayaonja?

Aprili 2025, Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki iliidhinisha mita 50 za mgongo, za chura na za kipepeo ziingizwe katika michezo ya Los Angeles 2028. Siman wakati huo alikuwa ameshavuka miaka 30. Vijana wa kule nyuma, nyinyi mna mingapi? Haya, nimeona mkono. Karibu swali la kwanza.