Umedahiliwa na Nani? Kesi za Vyuo na Nafasi za Wanafunzi
(Mhadhara kwa wazazi na wahitimu wa kidato cha sita, Ngamiani, Tanga)

Asalaam aleikum. Tumsifu Yesu Kristo. Shikamooni wazee wangu. Vijana mliojibana mlangoni sogeeni mbele, viti vipo, na feni inafika huku tu.

Nimeombwa nizungumzie kesi za vyuo. Naanzia India, kwa sababu kabla ya 1961 Tanganyika ilitumia Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872, na sheria yetu ya leo imerithi vifungu vyake vingi karibu kama vilivyo. Hukumu za kule hazitufungi, lakini mawakili tunazisoma.

Kesi ninayotaka muishike ni ya 1986. Jumuiya moja ya Andhra Pradesh ilifungua chuo cha udaktari bila kibali cha serikali, na bila chuo kikuu kukubali kukipokea kama chuo chake. Ikatangaza, ikadahili, ikapokea ada. Mtihani ulipokaribia, chuo kikuu kikasema hawa siwajui. Wanafunzi wakafika hadi Mahakama ya Juu. Hawakuomba mamilioni, waliomba waruhusiwe kufanya mtihani. Wakanyimwa. Majaji walisema chuo kikuu kimeundwa na sheria, na mahakama haiwezi kukiamuru kiivunje sheria hiyohiyo. Mimi naiona hukumu kali, lakini sioni ingeamuliwaje vingine. Daktari ni mtu wa kukupasua tumbo. Huwezi kumpa cheti kwa kumwonea huruma.

Wenye vyuo nao wana haki zao. Mwaka 2002 majaji 11 wa mahakama hiyo walikubali kwamba mtu binafsi ana haki ya kuanzisha chuo, kuchagua wanafunzi na kupanga ada, ili mradi asilangue. Ila akitaka kutambuliwa na chuo kikuu, atimize masharti. Mwaka 2005 majaji saba wakaizuia serikali kuvigawia wanafunzi kwa lazima vyuo visivyopokea ruzuku, na Bunge likajibu kwa kubadili Katiba. Mvutano huo ni mrefu, niuache hapo.

Kwetu, vyuo vikuu viko chini ya TCU, yaani Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania, kwa Sheria ya Vyuo Vikuu ya 2005, na vyuo vya kati chini ya NACTVET, baraza la elimu na mafunzo ya ufundi, ile tuliyoizoea kama NACTE. Kuna pia chuo kikuu kishiriki, kinachofanya kazi chini ya mwavuli wa chuo kikuu mama. Muhimbili ilikuwa hivyo chini ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam tangu 1991, hadi 2007 ilipojitegemea. Na TCU hutumia meno yake: mwaka 2017 ilivizuia vyuo 19 kudahili wanafunzi wapya.

Halafu kuna lango ambalo wazazi wengi hawaliulizii kabisa, nalo ni bodi ya taaluma, ile inayomsajili mhitimu ili aruhusiwe kufanya kazi aliyosomea. Kenya, wahitimu wa uhandisi wa vyuo vikuu vya umma, vyenye majina makubwa, walikataliwa usajili na bodi ya wahandisi. Kesi yao ilipanda mpaka Mahakama ya Juu ya Kenya, ikaamuliwa 2018. Miaka yote hiyo shahada iko kabatini.

Sasa idadi. Chuo cha uuguzi kimeruhusiwa wanafunzi 50, kikadahili 90. Mkuu wa chuo atakwambia madarasa yapo, tena mapya. Lakini muuguzi hafundishwi darasani peke yake. Wapelekeni hao 90 hospitali yetu ya Bombo, wodi ya wazazi: mama mmoja ana uchungu, wanafunzi ishirini wamezunguka kitanda, wa nyuma anaona migongo ya wenzake tu. Ndiyo maana mamlaka inayosimamia vyuo ikikataa kuwasajili wale 40 wa ziada, mahakama huwa nzito kuiingilia.

Nimekuja na fomu moja ya kujiunga. Jina la chuo nimelikunja. Ukurasa wa kwanza una picha ya maabara. Ukurasa wa tatu, chini kabisa, kwa herufi za sisimizi: “mchakato wa kupata ithibati unaendelea.” Maana yake chuo bado hakijatambuliwa rasmi. Namba ya akaunti ya benki imekozwa wino.

Mama pale ameuliza: nikishalipa, narudishiwa? Unaweza kudai, mama yangu. Kifungu cha 19 cha Sheria ya Mikataba kinakuruhusu kuuvunja mkataba ulioingia kwa kudanganywa. Ila wakili wa chuo naye amekisoma chote. Kama chuo kilikupa maelezo yasiyo sahihi bila nia ya kulaghai, atasema ukweli ungeupata kwa uangalifu wa kawaida, maana orodha ya vyuo vilivyosajiliwa iko wazi, na hapo dai lako linayumba. Kwa hiyo ukija ofisini kwangu usilete risiti tupu. Lete tangazo lao, ujumbe aliokutumia ofisa udahili kwenye simu, na tarehe uliyolipa.