Mkono Uliobaki Hewani: Kutoka Bucharest hadi Kamukunji

Mabibi na mabwana, asanteni kwa kuja na jua lenyewe hili.

Nianzie kwenye roshani moja mjini Bucharest. Tarehe 21 Desemba 1989, Nicolae Ceaușescu, mtawala wa Romania, alikuwa akiwahutubia wafanyakazi waliotolewa viwandani kuja kumshangilia. Mnaoyakumbuka malori ya mikutano yetu mnanielewa. Katikati ya hotuba wakaanza kumzomea. Akanyanyua mkono kuwanyamazisha. Mkono ukabaki hewani, kamera zinamtazama. Siku nne baadaye alipigwa risasi, yeye na mkewe.

Siku ya mwaka mpya, Mchungaji Timothy Njoya akasema mimbarini Nairobi kwamba yaliyozifika serikali za chama kimoja kule Ulaya Mashariki yanaweza kuzifika za Afrika. Wakubwa wa KANU, chama pekee kilichoruhusiwa Kenya, wakamjia juu. “Mwenzako akinyolewa, wewe tia maji” kwa kawaida huambiwa mnyonge. Safari hii waliambiwa wenye nchi.

Wapo wanaosema vuguvugu letu la kudai vyama vingi liliagizwa kutoka nje. Hapana. Mwaka 1988 watu walipiga kura ya mlolongo, wakapanga mstari nyuma ya wagombea, wakashuhudia mstari mfupi ukitangazwa kuwa ndio mrefu. Kuhesabu vichwa juani hakuhitaji mwalimu kutoka Romania. Hasira tulikuwa nayo tele. Tulichokosa ni kuamini kwamba mkubwa naye huzomewa akashindwa la kusema.

Mei 1990 wanasiasa Kenneth Matiba na Charles Rubia wakadai vyama vingi hadharani. Manamba wa matatu wakaanza kuinua vidole viwili. Salamu ya KANU ilikuwa kidole kimoja, kwa hiyo hakuna aliyehitaji kueleza kile cha pili kilikuwa cha nini. Julai wawili wale wakawekwa kizuizini, na bado Saba Saba, tarehe 7 Julai, watu wakaenda uwanja wa Kamukunji, Nairobi. Wapo ambao hawakurudi nyumbani.

Novemba 1991 wafadhili wakazuia misaada mipya. Desemba kifungu cha 2A cha katiba, kilichoruhusu chama kimoja tu, kikafutwa. Huo nao ni mkono wa nje, ila wa aina nyingine kabisa.

Na Romania yenyewe? Ion Iliescu, aliyeshika nchi, alikuwa kada wa zamani wa chama kile kile cha Ceaușescu. Habari hiyo haikuvuma sana huku. Na kwetu, mwaka 1992 FORD, kundi kuu la upinzani, ikawa mbili, wapinzani wakagawana kura, na Rais Moi wa KANU akarudi Ikulu kwa takriban asilimia 36.

Haya, niulizeni.