Askofu aliyekuwa meja wa wapagazi

Haya jamani, joto mnaliona wenyewe, sitawachosha. Niwaulize kwanza, jina Kariakoo limetoka wapi? Ni Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa Waingereza Vita vya Kwanza, wazee wetu wakalitamka walivyoweza na sie leo tunaenda pale kubishania bei ya mashati.

Sasa leo nawasimulia askofu mmoja wa Kianglikana aliyeongoza wapagazi kama hao, Frank Weston. Mzaliwa wa London, 1871, kapiga theolojia Oxford, 1898 kaja Zanzibar na wamisionari wa UMCA, ile misheni ya Kianglikana, kafundisha chuo chao cha Kiungani, 1908 kawa askofu wa Zanzibar. Hayo tupite. Mimi kilichonishika ni kitabu chake cha 1907, The One Christ, humo anabanana na ule mstari wa Wafilipi, "akatwaa namna ya mtumwa", na anasema Mwana wa Mungu hakuigiza ubinadamu, alijiwekea mipaka kweli kweli. Na kanisa lake kuu lipo Mkunazini, palepale palipokuwa soko la watumwa, kwahiyo neno mtumwa pale halikuwa la vitabuni tu.

Alikuwa mkorofi pia, tusifiche. 1913 aliwashtaki kwa uzushi maaskofu wenzie wawili, Peel wa Mombasa na Willis wa Uganda, kisa wameshiriki meza moja ya Komunyo na Wapresbiteri, Waprotestanti wasio Waanglikana, kule Kikuyu, Kenya. Hapo simtetei hata kidogo.

Ila 1916 vita imehamia bara, wapagazi wanatafutwa kwa udi na uvumba, yeye akakusanya kikosi cha Wazanzibari akakiongoza mwenyewe, jeshi likampa umeja. Hebu fikirini askofu mzima, mtu wa Misa na ubani, anatembea na watu wenye mizigo kichwani, matope, mvua, chakula hakitoshi. Vita ile wapagazi walikufa maelfu kwa maelfu, na wengi si kwa risasi, ni kuhara damu, malaria, nimonia.

Vita inaelekea ukingoni anamwandikia Jenerali Smuts, aliyekuwa ameongoza jeshi la Waingereza huku, barua ya wazi kuhusu Wajerumani walivyowatesa watu huku, Waingereza wakafurahi sanaaa. Furaha haikudumu. 1919 serikali ya Kenya ikataka maofisa wake wawasukume watu kwenda kufanya kazi mashamba ya walowezi, maaskofu wa Mombasa na Uganda (Willis yuleyule!) wakakubali kazi ya lazima mradi iwekewe masharti, Weston akagoma, 1920 akachapa kijitabu kuwaambia Waingereza kwamba na wao wana watumwa wao.

1923 yuko London, mbele ya Waanglikana wa mrengo wake wanaopenda sana tabenakulo, kile kisanduku cha kutunzia mkate wa Komunyo, akawaambia huwezi kumwabudu Yesu wa humo ndani halafu yule wa mitaa ya maskini unampita. Mwaka uliofuata, 2 Novemba, Siku ya Marehemu Wote, akafia Hegongo, hapo Magila, misheni ya kule Tanga, jipu tu lililoingiza sumu kwenye damu.

Haya, nani ana swali, mzee wangu pale nyuma naona mkono.