Kwenu wapi? Maongezi yangu ya Iringa kuhusu nyumba na kamera

Kamwene! Haya kaeni jamani, na nyie wa nyuma sogeeni mbele, hatung'ati. Nimeambiwa niongelee filamu za dokumentari, nyumba, kumbukumbu na utaifa, mada ndefu kama treni ya TAZARA, sasa mi ntapanda behewa moja tu.

Nikifika kwa mtu na kamera namuuliza kwanza, kwenu wapi? Hapo Mtanzania anakuchanganya kabisa. Kijana kazaliwa Mwanjelwa, mjini Mbeya, kasoma hapohapo, duka lake liko hapohapo, anakwambia kwetu Rungwe, muulize mara ya mwisho kalala lini huko, anacheka. Mbeya "anaishi", Rungwe ndo "kwao". Na kamera yangu inajua kupiga ukuta, bati, mlango, ila hiyo "kwao" sijui unaipigaje.

Nyie wa Iringa mnalijua hili kuliko mimi. Wajerumani waliibomoa ngome ya Kalenga 1894, mwenyewe Mkwawa, mtawala wa Wahehe, akajiua 1898 asikamatwe, fuvu likapelekwa Ujerumani, likaja kurudi 1954, miaka 56 baadaye. Na ngome ilikuwa haipo tena! Lakini hakuna aliyeuliza lirudishwe wapi.

Sasa niwape ya mahame, yaani makazi ya zamani yaliyoachwa. Wazee hapa mnajua, vijana labda mmesikia tu "kule mahameni". Operesheni Vijiji, mwaka 1974 hivi, watu waliokuwa wamekaa mbalimbali, kila mtu na shamba lake, wakaambiwa na serikali hamieni kijijini, mkae kwa mistari, balozi wa nyumba kumi awajue wote. Ahadi ilikuwa shule, zahanati, maji, na kuna walioyapata kweli, silaumu kirahisi, mimi mwenyewe nimesoma shule ya kijiji cha namna hiyo. Ila kuna sehemu nyumba za zamani zilichomwa moto ili mtu asije akarudi. Yaani taifa tunalojivunia, lile la kutoulizana kabila, lilijengwa pia kwa kuwatoa watu majumbani mwao, na hiyo sehemu mi sioni kama tumeisimulia vya kutosha.

Basi kuna bibi mmoja, jina nalihifadhi, nikamwomba anipeleke kwenye mahame yao. Tumetembea karibu saa nzima, yeye mbele na fimbo, mimi nyuma nahema na mizigo ya vifaa. Tukafika, mi naona majani tu na kichaka cha mianzi, ile ya kugema pombe ya ulanzi. Bibi akasema hii alipanda baba. Akasogea kidogo akapangusa majani kwa mguu, kuna jiwe la kusagia, limebonyea katikati, akaweka kiganja kwenye lile bonde likamtosha kabisa. Hilo nimelipata kwenye kamera, nashukuru.

Halafu nikafanya ujinga. Nikatoa droni. Nilitaka picha ya juu, uwanda wote uonekane, si unajua tena wafadhili wanapenda. Nimeinua uso angani nahangaika na betri inalia, na bibi huku chini ameamua kuingia kwao. Nikageuka nikamwona. Yale majani angeweza kupita popote, pako wazi pande zote, lakini alizunguka mpaka upande wa mianzi, akasimama, akainama, akaingia. Nyumba yao ilikuwa tembe, ile ya udongo yenye paa bapa, milango yake mifupi, usipoinama unagonga kichwa. Akaanza kunionyesha, hapa tulikuwa tunalala, hapo ndama, pale moto, na anapotembea anakwepa kuta.

Kamera ilikuwa kwenye begi.

Nikamwambia bibi samahani, toka tena uingie, nirekodi. Akaniangalia kama mtoto anayesumbua wageni, akasema haya mjukuu wangu. Akatoka, akaingia. Hiyo picha ninayo, nitawaonyesha sasa hivi wakizima taa. Lakini mara hii hakuinama.