Wenye Mchezo Waliofungiwa Mlango: Safari ya Timu ya Wanaume ya Haudenosaunee

Waheshimiwa walimu, ndugu zangu wanamichezo, wanafunzi, asanteni kwa kufika.

Nitazungumzia timu ambayo ukiisoma kwenye jedwali la matokeo utasema imekua taratibu tu, kama timu nyingine yoyote. Mwaka 1990 ilicheza Kombe la Dunia la lakrosi la wanaume kwa mara ya kwanza, huko Perth, Australia. Timu zilikuwa tano, nayo ikashika nafasi ya tano bila kushinda mechi hata moja. Miaka 24 baadaye, huko Denver, Marekani, iliwafunga Waaustralia mabao 16 kwa 5 ikatwaa medali ya shaba, na safari hiyo mataifa yaliyoshiriki yalikuwa 38. Shaba ikaipata tena Netanya, Israeli, mwaka 2018, na San Diego mwaka 2023.

Hiyo ni timu ya Wahaudenosaunee, shirikisho la mataifa sita ya wenyeji wa Amerika Kaskazini: Mohawk, Oneida, Onondaga, Cayuga, Seneca na Tuscarora. Ardhi yao imekatwa na mpaka wa Marekani na Kanada. Wengine wako jimbo la New York, wengine Ontario na Quebec, na wako ndugu wa ukoo mmoja wanaotenganishwa na mpaka huo. Hadi mwaka 2022 timu ilijulikana kama Iroquois Nationals. Sasa inaitwa Haudenosaunee Nationals, jina la wenyewe.

Ninachokuja kukitetea ni hiki. Timu hii haikupanda kutoka mkiani hadi kwenye jukwaa la medali kwa sababu watu wake hatimaye walijifunza lakrosi. Lakrosi ni yao. Wachezaji walikuwapo wakati wote, karne hadi karne. Kilichokosekana ni kuruhusiwa kuingia uwanjani wakiwa taifa, na ndiyo maana historia ya timu hii huwezi kuisimulia bila kuzungumzia pasipoti.

Kwa wasiouona mchezo huu: kila mchezaji ana fimbo yenye wavu kichwani, na kwa wavu huo anaudaka, anaubeba na kuurusha mpira mdogo wa raba. Hakuna anayeruhusiwa kuugusa kwa mkono isipokuwa kipa. Kwenye uwanja mkubwa kila upande una wachezaji kumi. Mpira unakwenda kasi, na miili inagongana.

Mababu wa Wahaudenosaunee waliucheza kabla Mzungu hajaitia mguu pwani ya Amerika. Waliucheza kumfurahisha Muumba, waliucheza kumwombea mgonjwa apone, na wanaucheza kwa nia hiyo hadi leo. Kwao fimbo ya mti wa hikori ni kitu cha kuheshimiwa, na wapo wanaozikwa nayo.

Katika karne ya 19 walowezi wa Montreal waliuchukua. Mwaka 1867 daktari wa meno aitwaye William George Beers aliuandikia kanuni, na klabu zikaanzishwa. Mwaka 1876 Wamohawk wa Kahnawake walipelekwa Uingereza kuonyesha mchezo, wakacheza mbele ya Malkia Victoria huko Windsor. Naomba mwaka huo muukumbuke, maana tutairudia Uingereza. Miaka minne tu baadaye, mwaka 1880, chama cha lakrosi cha Kanada kiliwafungia wenyeji kucheza mashindano ya ubingwa. Hoja ilikuwa kwamba wanapokea fedha, kwa hiyo si wachezaji wa ridhaa. Fedha zenyewe walizihitaji kwa safari, kwa kuwa hawakuwa na utajiri wa mabwana wa klabu za mjini. Hivyo mwenye mchezo akatolewa nje ya mchezo kwa kanuni iliyotungwa na aliyeuazima.

Tuje karne iliyofuata. Mwaka 1983 timu ya taifa iliundwa, na miongoni mwa walioiasisi ni Oren Lyons, mtunza imani, yaani mlinzi wa mila na ibada, wa taifa la Onondaga. Huyu hakuwa mzee wa baraza tu. Katika miaka ya 1950 alikuwa kipa hodari wa Chuo Kikuu cha Syracuse, akiwa timu moja na Jim Brown, yule aliyekuja kuwa nyota wa kandanda ya Kimarekani. Aliujua uwanja, na aliijua diplomasia. Mwishoni mwa miaka ya 1980 shirikisho la kimataifa likaikubali timu kuwa mwanachama kamili, yenye bendera yake ya zambarau na haki sawa na za Marekani, Kanada, Uingereza na Australia. Ndipo wakaenda Perth.

Kwa nini basi walifungwa kila mechi, ikiwa mchezo ni wao? Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu ndipo penye somo la ufundi.

Vijana wengi wa Haudenosaunee hukulia kwenye lakrosi ya ukumbini, aina iliyostawi Kanada tangu miaka ya 1930. Huchezwa ndani ya kiwanja cha hoki ya barafu, barafu ikiwa imeondolewa, wachezaji watano na kipa wa sita kila upande. Nafasi ni finyu, goli ni dogo, kipa amejaa vifaa mwili mzima. Anayekulia humo anakuwa na mikono ya ajabu: anadaka akiwa amebanwa ukutani, anatoa pasi bila kutazama, anafunga kupitia upenyo usiouona. Lakini uwanja mkubwa unadai mambo mengine. Unadai mabeki wenye fimbo ndefu wanaojua kuzuia mtu kwenye eneo pana, viungo wenye mapafu ya kukimbia kutoka goli hadi goli, mtaalamu wa kugombea mpira wa kuanzia, na benchi lenye watu wa kutosha. Marekani ilikuwa na mamia ya vyuo vinavyozalisha wachezaji wa namna hiyo kila mwaka. Wahaudenosaunee walikuwa na jamii chache, kila moja na ukumbi wake: Grand River, Akwesasne, Kahnawake, Onondaga, Cattaraugus.

Pengo hilo lilizibwa kidogo kidogo. Mwaka 1994, Manchester, walimaliza tena wa tano. Mwaka 1998 Baltimore, 2002 Perth na 2006 London, Ontario, wakawa wa nne mara tatu mfululizo. Wakati huohuo, kwenye lakrosi ya ukumbini, walikuwa wakifika fainali ya dunia kila mara tangu mashindano hayo yalipoanza mwaka 2003, na kila mara wakizuiwa na Kanada. Fainali ya 2007 pale Halifax waliipoteza kwa bao moja, 15 kwa 14, katika muda wa nyongeza. Kwa hiyo mtu asiseme walikuwa wanyonge.

Kilichosaidia uwanja mkubwa ni vijana kuingia vyuoni. Mwaka 2009 Cody Jamieson, kijana wa Grand River, ndiye aliyefunga bao la muda wa nyongeza lililoipa Syracuse ubingwa wa vyuo vya Marekani. Wakafuata ndugu wa familia ya Thompson kutoka Onondaga. Mwaka 2014 Lyle na Miles Thompson, wakichezea Chuo Kikuu cha Albany, walishirikiana tuzo ya Tewaaraton, ya mchezaji bora wa vyuo. Sanamu ya tuzo hiyo ni ya mchezaji wa Kimohawk, na hao ndugu wawili ndio wenyeji wa kwanza kuipata. Lyle aliipata tena mwaka uliofuata, na akamaliza chuo akiwa na pointi 400, yaani jumla ya mabao na pasi za mabao. Vijana wa chini ya miaka 19 nao walikuwa wamekwisha kutoa ishara: mwaka 2012, Turku, Ufini, waliifunga Marekani katika hatua ya makundi na kurudi na shaba.

Sasa nirudi nyuma kidogo, mwaka 2010, kwa sababu kwenye orodha za matokeo mwaka huo ni pengo, na pengo hilo ndilo kiini cha mhadhara wangu.

Kombe la Dunia lilikuwa Manchester. Timu ya wachezaji 23 ilikuwa New York tayari kuruka, wakiwa na pasipoti za Haudenosaunee. Pasipoti hizo hazikuwa jambo la jana. Mwaka 1921 kiongozi wa Cayuga, Deskaheh, alisafiri hadi London kwa hati ya Haudenosaunee, na mwaka 1923 akaenda nayo Geneva kuomba Shirikisho la Mataifa, lililotangulia Umoja wa Mataifa, lisikilize kilio cha watu wake. Hawakumpa nafasi ya kusikilizwa, lakini hati yake ilimfikisha. Wajumbe wa Haudenosaunee walizitumia tena kwenda Geneva mwaka 1977.

Mwaka 2010 ulimwengu wa viwanja vya ndege ulikuwa umebadilika. Hati zile, ambazo baadhi ya sehemu zake ziliandikwa kwa mkono, hazikuwa na alama za usalama zilizotakiwa. Serikali ya Marekani kwanza ilisita kuwahakikishia kwamba watarudi. Hillary Clinton, aliyekuwa Waziri wa Mambo ya Nje, akatoa kibali cha mara moja. Mlango mmoja ukafunguka. Ndipo Uingereza ikasema haizitambui pasipoti hizo. Timu ikakwama hotelini huku gharama zikipanda, mpaka mwongozaji filamu James Cameron akajitolea dola 50,000. Waliambiwa wachukue pasipoti za Marekani au za Kanada, waende wakacheze. Wakakataa. Mechi ya ufunguzi, dhidi ya Uingereza yenyewe, wakaipoteza bila kugusa mpira, na baadaye wakajitoa.

Nimewahi kusikia watu wakisema ule ulikuwa ukaidi, kwamba mwanamichezo kazi yake ni kucheza. Sikubaliani nao hata kidogo. Wale vijana walikuwa na umri ambao Kombe la Dunia huja mara moja au mbili tu maishani, na wengi wao wangeweza kupata pasipoti nyingine kwa siku chache. Kama wangezichukua, kila shirikisho lingejua tangu siku ile kwamba jina la Haudenosaunee ni la kwenye jezi tu. Waliacha mashindano mazima ili timu iendelee kuwa timu ya taifa. Mimi naihesabu hiyo kuwa sehemu ya kukua kwake, tena kubwa kuliko shaba ya Denver. Na nchi iliyowazuia ni ileile ambayo mwaka 1876 ilimkalisha malkia wake kitini awatazame wakicheza.

Baada ya hapo mambo yalikwenda haraka. Shaba ya 2014 nimekwisha kuitaja. Mwaka 2015 fainali za dunia za lakrosi ya ukumbini zilifanyika kwenye ardhi ya taifa la Onondaga. Mataifa ya dunia yalikuja kwao, wao wakiwa wenyeji. Kanada ikachukua dhahabu kwa 12 kwa 8, na sioni kama matokeo yale yaliipunguzia siku ile chochote. Mwaka 2018 hati zilileta mvutano tena hadi dakika za mwisho, lakini wakaingia Israeli, na kwenye mechi ya mshindi wa tatu wakawafunga Waaustralia 14 kwa 12.

Timu ya tatu duniani, basi. Lakini Michezo ya Dunia ya 2022, mashindano ya michezo mingi isiyo ya Olimpiki, iliyoandaliwa Birmingham, Alabama, ilipopangwa, timu hiyo ya tatu duniani haikualikwa, kwa kuwa haikuwa na kamati ya taifa ya Olimpiki. Mashabiki na wachezaji wa nchi nyingi walipaza sauti, na shirikisho la dunia likabadili msimamo. Tatizo likabaki: nafasi zimekwisha. Ireland, iliyokuwa imepata nafasi yake kihalali, ikajiondoa ili Haudenosaunee waingie. Katika michezo ya timu nimeona mambo mengi mazuri, lakini hili la kuiachia timu nyingine nafasi uliyoitolea jasho nalivulia kofia.

Mwezi Oktoba 2023 Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, ikikutana Mumbai, iliirudisha lakrosi kwenye Olimpiki ya Los Angeles 2028. Itachezwa na sita kwa sita, uwanja mdogo, na saa ya sekunde 30 kwa kila shambulizi. Ukiuliza ni wachezaji gani mchezo huo utawafaa, jibu ni wale waliokulia ukumbini. Kutakuwa na timu sita za wanaume na sita za wanawake.

Kikwazo ni kilekile cha Birmingham. Kanuni inataka kamati ya taifa ya Olimpiki, nao hawana. Desemba 2023 Rais Joe Biden alitamka hadharani kwamba anaunga mkono Wahaudenosaunee kushiriki kwa bendera yao. Kamati ya Olimpiki imebaki na jibu lake: mwenye uraia wa Marekani au Kanada na aichezee Marekani au Kanada. Ni jibu lilelile la 2010, chukua pasipoti nyingine ucheze.

Wanaotetea kanuni wanasema mlango ukifunguliwa kwa mmoja utafunguliwa kwa wote. Lakini kamati hiyohiyo iliunda timu ya wakimbizi mwaka 2016, Rio, bila taifa nyuma yake. Puerto Rico na Hong Kong zina kamati zao za Olimpiki ingawa si nchi huru. Na hakuna kundi jingine linaloweza kusema mchezo unaochezwa ni wa babu zake, kwamba liliwahi kushika nafasi ya tatu ya dunia mara tatu mfululizo, na kwamba lina uanachama kamili wa shirikisho la kimataifa kwa zaidi ya miaka thelathini. Tena kwenye Olimpiki ya St. Louis mwaka 1904, timu ya Wamohawk ilipata shaba, wakati huo ikihesabiwa chini ya Kanada. Wakilazimishwa tena mwaka 2028 kuvaa jezi ya mwingine, watakuwa palepale walipokuwa miaka 124 iliyopita.

Naishia hapo. Nipokee maswali, na ningependa nianze na wale wasiokubaliana nami kuhusu 2010.